Dhahabu haiuzwi kwa macho: viroba hamsini kutoka duarani hadi soko la madini

Kosa la kwanza hutokea kabla jiwe halijafika hata kwenye karasha, mashine ya kusaga mawe. Viroba vimepandishwa kutoka duarani, yaani kwenye shimo la kuchimbia, vimepangwa safu, na mgao unafanyika palepale: hivi vya mwenye leseni, hivi vya mwenye shamba, hivi vya aliyegharamia chakula, baruti na mafuta ya pampu, vinavyobaki ni vya wachimbaji. Watu wanahesabu viroba kama wanavyohesabu magunia ya mahindi. Lakini gunia la mahindi hufanana na mwenzake. Kiroba kilichotoka ndani ya mkanda wa mwamba na kilichotoka hatua moja pembeni vinaweza kupishana mara ishirini, na ukivitazama vyote ni mawe ya kijivu. Aliyewahi kupima anajua achague safu ipi. Asiyepima anachagua iliyo karibu na njia.

Kwa anayeingia Geita, Kahama au Chunya akiwa na viroba vyake vya kwanza, hesabu ya kuanzia ni hii. Kiroba cha kilo 50, vikiwa ishirini ni tani moja. Mwamba wenye gramu 5 kwa tani ni mwamba unaolisha watu, na maana yake kila kiroba kina robo gramu. Robo gramu ya dhahabu ni ndogo kuliko punje ya mchele. Na punje hiyo haikai mahali pamoja, imetawanyika kama vumbi ndani ya kilo 50 za jiwe. Tuchukue viroba hamsini vya mwamba mzuri zaidi, gramu 10 kwa tani. Ni tani mbili na nusu, na ndani yake mna gramu 25. Tuzifuate gramu hizo tuone zinavyopungua njiani.

Sampo kwanza. Usichote kwenye kiroba kimoja kilichofunguka, wala usiokote mawe yanayong'aa. Chota konzi kutoka kila kiroba, juu, katikati na chini, ponda, mwaga juu ya turubai, changanya, rundika kama chungu, kisha gawa mara nne kama mkate. Tupa robo mbili zinazoelekeana, changanya zilizobaki, gawa tena, hadi ubaki na kilo mbili hivi. Kilo moja oshea kwenye karai uone mwenyewe, nyingine peleka maabara. Taasisi ya Jiolojia na Utafiti wa Madini Tanzania (GST) iko Dodoma, na maabara binafsi zipo Kanda ya Ziwa.

Maabara hawayeyushi kilo yako yote. Wanasaga, kisha wanachukua gramu 30 au 50 tu. Hapo ndipo wengi hupotoshwa na karatasi ya majibu. Punje moja ya dhahabu yenye kipenyo cha milimita 0.3 ina uzito wa kama miligramu 0.27. Ikibahatika kuingia kwenye zile gramu 30, inaongeza gramu 9 kwa tani kwenye majibu. Ikikosa, majibu yanashuka kwa kiasi hichohicho. Jiwe ni lilelile. Watu wamekopa na kununua pampu mpya kwa sababu ya punje moja, na wengine wametelekeza duara zuri kwa kuikosa. Sampo moja si majibu. Peleka tatu, na zikipishana sana elewa kwamba dhahabu yako ni ya chenga kubwa, kwa hiyo uamini zaidi kilo nyingi kwenye karai kuliko gramu 30 za maabara.

Kuhusu jiwe linalomeremeta: dhahabu ya kweli kivulini inabaki na rangi ileile ya juani. Pairaiti, ile inayodanganya wageni, ukiigeuza inawaka na kuzimika. Igonge kwa nyundo itavunjika kuwa unga wa kijani kinachoelekea weusi, na ukiichoma itanuka kiberiti. Dhahabu ukiigonga inalala bapa. Maika, yale magamba membamba yanayong'aa, ni nyepesi, inaelea na maji ya karai. Lakini usiitupe pairaiti ukidhani ni takataka tu, maana mara nyingi dhahabu imejificha ndani yake, na hiyo ndiyo dhahabu ambayo mwalo, ule mteremko wenye zulia wa kuoshea unga wa jiwe, hautaiona kamwe.

Karasha na mwalo havina siri nyingi. Dhahabu ina uzito wa gramu 19.3 kwa kila sentimita moja ya ujazo, jiwe jeupe la kwatzi gramu 2.65. Mwalo unaishi kwa tofauti hiyo: kizito kinakaa kwenye zulia, chepesi kinaondoka na maji. Maji yakiwa mengi mno, au mteremko mkali, chembe bapa zinaondoka pia. Unga ukiwa mkubwa, dhahabu inapita ikiwa bado imefungwa ndani ya jiwe. Ukiona wenye karasha wanasukuma viroba hamsini kwa saa mbili ili wapokee mteja mwingine, hasara hiyo ni yako.

Kisha zebaki. Matope mazito ya kwenye zulia yanachanganywa nayo, yanakandwa, yanakamuliwa kwenye kitambaa, na kinabaki kidonge cha kijivu ambacho karibu nusu yake ni zebaki. Hapa furaha inakuwa kubwa kuliko akili. Kidonge kinawekwa motoni, watu wanainama kukizunguka, kina mama na watoto mgongoni nao wamo, kila mmoja anataka kuona kijivu kikigeuka njano. Zebaki inachemka kwa nyuzi 357 tu za Selisiasi. Mvuke wake hauna rangi wala harufu, kwa hiyo hakuna anayekohoa wala kukimbia. Mikono huja kutetemeka miezi au miaka baadaye, kumbukumbu inapungua, figo zinaumia, na mtoto aliye tumboni hudhurika kuliko wote. Kifaa cha kunasia mvuke ni chombo cha chuma chenye kifuniko na bomba linalopita kwenye maji. Mafundi wa kuchomelea wanaweza kukitengeneza. Zebaki inarudi kuwa tone, unaitumia tena, kwa hiyo kinajilipa chenyewe. Chomea nje, mbali na watu, na kamwe usitumie sufuria au jiko linalorudi nyumbani.

Kilichotoka motoni kinaitwa dhahabu lakini bado hakijawa. Kina matundu kama sifongo, na ndani ya matundu zebaki imebaki, mara nyingi asilimia 2 hadi 5 ya uzito. Hiki ndicho chanzo cha ugomvi mwingi sokoni. Umepima gramu 10.4 nyumbani, mnunuzi anayeyusha, inasoma 10.0, unaapa umeibiwa. Inawezekana hujaibiwa chochote, ni zebaki iliyoruka. Yeyusha kwa boraksi kabla ya kwenda: boraksi inashika uchafu na kuuelekeza juu kama ngozi ya kioo, dhahabu inatulia chini kwa nyuzi 1,064. Ukipima baada ya hapo, namba yako na ya mnunuzi zinapaswa kukubaliana. Zisipokubaliana, sasa una haki ya kugomba.

Mizani isome hadi gramu 0.01. Inayosoma 0.1 tu inaweza kukumezea karibu desimali nzima, yaani gramu 0.1, kila inapopima, na utaona hapa chini desimali hiyo ni pesa gani. Zima feni, weka mizani kwenye meza isiyotikisika, na uwe na jiwe lako la mizani la gramu 10 unalotembea nalo. Ukifika kwa mnunuzi, liweke kwanza hilo, kabla ya dhahabu. Mnunuzi mwaminifu hatanuna.

Sasa usafi, jambo ambalo wageni hulipa ghali kuliko yote. Dhahabu ya duarani huja na fedha ndani yake, wakati mwingine na shaba. Rangi haisemi ukweli. Kuna kipimo cha zamani unachoweza kufanya kwa glasi ya maji. Pima kipande chako kikiwa kikavu, tuseme gramu 10.00. Weka glasi yenye maji juu ya mizani, irudishe kwenye sifuri. Funga kipande kwa uzi mwembamba, kizamishe kizima bila kugusa chini wala pembeni, tikisa kidogo mapovu yatoke. Mizani itasoma uzito wa maji yaliyosukumwa, tuseme 0.58. Gawa: 10.00 kwa 0.58 ni 17.2.

Dhahabu tupu ingesoma 19.3. Iliyochanganyika na fedha, ikiwa na usafi wa asilimia 90, inasoma 17.8, asilimia 80, 16.5, asilimia 70, 15.4. Kwa hiyo 17.2 ni kama asilimia 86. Lakini usiende kupigana sokoni kwa namba hiyo. Kwa kipande cha gramu 10, kosa la gramu 0.01 kwenye maji linahamisha jibu kwa zaidi ya asilimia 2. Tundu lililofichika ndani linashusha. Na kama kilichochanganyika ni shaba, 17.3 ni ya asilimia 90. Kipimo cha maji ni cha kukufanya usiwe kipofu, basi. Tena kina adui mmoja: tangsteni ina uzito wa 19.25, karibu sawa kabisa na dhahabu, ndiyo maana matapeli wa vipande vikubwa huipenda. Kipande kikikatwa au kikiyeyushwa, uongo huo unaisha.

Masoko ya madini yalianza kufunguliwa mwaka 2019, Geita likiwa la mwanzo, na huko kuna mashine ya XRF inayosoma usafi kwa miale ya eksirei kwa sekunde chache. Mashine ni nzuri ila inaona ngozi ya juu tu. Kipande kilichochovywa kwenye dhahabu kitaipendeza, na kipande chako kizuri chenye uchafu wa juu kitaonewa. Omba kipimwe pande zote mbili, sehemu tatu au nne, na ichukuliwe wastani. Andika namba mwenyewe kwenye daftari, usisubiri kuambiwa.

Bei inakuja kutoka mbali. London hutangazwa bei mara mbili kwa siku ya kazi, saa 4:30 asubuhi na saa 9 alasiri za kwao, kwa dola kwa wakia. Wakia ya dhahabu ni gramu 31.1035, si ile ya dukani ya gramu 28. Bei ikiwa dola 4,000, kiwango ambacho dhahabu ilikivuka kwa mara ya kwanza Oktoba 2025, gramu moja ya dhahabu tupu ni dola 128.6. Yako ni ya asilimia 86, basi gramu ni dola 110.6, na gramu 10 ni dola 1,106. Desimali moja ya gramu ni dola 11. Sasa unaona kwa nini tulisema kuhusu mizani.

Serikali inachukua mrabaha wa asilimia 6, ada ya ukaguzi asilimia 1, na kuna ushuru mdogo wa huduma wa halmashauri. Kwa mfano wetu mrabaha na ada hiyo pekee ni kama dola 77. Dhahabu inayouzwa kupitia mpango wa Benki Kuu wa kununua dhahabu imewekewa mrabaha wa asilimia 4 na bila ada ya ukaguzi, kwa hiyo uliza inakwenda wapi. Kuna kodi nyingine hubadilika na bajeti. Ulizia kabla ya siku ya kuuza, si siku yenyewe. Kinachobaki baada ya hapo ni faida ya mnunuzi, na hiyo ndiyo ya kujadiliana.

Mbinu ya kawaida haihitaji mizani mbovu. Mashine inasoma 86, mnunuzi anasema kwa sauti ya kirafiki, "Tuiweke 83, kuna uchafu." Alama tatu kwenye gramu 10 ni gramu 0.3 za dhahabu tupu, karibu dola 39, ambazo zimeondoka kwa neno moja. Nyingine ni kutajiwa bei ya gramu bila kutajiwa ni gramu ya asilimia ngapi. Anayekupa bei kubwa kuliko wote huenda anazungumzia gramu ya asilimia 100 ambayo wewe huna.

Halafu kuna mfadhili. Alitoa mafuta ya pampu na unga wa wiki mbili, hakudai riba, alisema tu, "Ukipata, mdogo wangu, uniletee mimi." Akinunua kwa asilimia 10 chini ya soko, mkopo huo wa wiki mbili umekugharimu dola 110 kwenye gramu hizi kumi. Hakuna benki inayothubutu kutoza hivyo. Wengi wetu tunaingia humo kwa macho makavu kwa sababu benki haikopeshi shimo, na hatuwezi kumlaumu mtu. Ila hesabu ifanywe, na ikiwezekana makubaliano yaandikwe: bei ya siku, usafi wa mashine, makato kadhaa, basi.

Mtu akisimama sokoni akatazama kipande kidogo kuliko punje ya mbaazi kikibadilishwa kwa pesa za mshahara wa miezi, swali linakuja lenyewe: kwa nini? Hakiliki, hakijengi. Majibu ya kitabuni ni kwamba ni adimu na hakishiki kutu, nayo ni kweli. Dhahabu yote iliyowahi kuchimbwa duniani, tani laki mbili na ushei, ingeingia kwenye jengo moja la mraba lenye mita 22 kila upande. Lakini vitu adimu viko vingi. Mfano unaoeleza zaidi uko hapahapa nchini. Mwaka 1916, vita vikiwa vimewazingira, Wajerumani walikuwa wamechapisha noti za dharura ambazo watu walizitilia shaka. Huko Tabora, kwenye karakana ya reli, wakapiga sarafu ya dhahabu ya rupia 15, yenye tembo na mlima nyuma yake, kwa dhahabu ya mgodi wa Sekenke, Iramba. Zilikuwa kama elfu kumi na sita tu. Uzito gramu 7.168, usafi asilimia 75. Hakukuwa na haja ya kuuamini utawala uliokuwa unakimbia, ilitosha kuwa na mizani. Tabora ilianguka mwaka huohuo, noti za utawala ule zikabaki kuwa karatasi za makumbusho, na sarafu ile hata leo ina gramu 5.38 za dhahabu ndani yake, karibu dola 690 kwa bei ya mfano wetu, kabla mkusanyaji wa vitu vya kale hajaongeza yake.

Ndiyo maana pia dhahabu ya Zimbabwe ilishuka Sofala, bandari ya pwani ya Msumbiji, na kuitajirisha Kilwa karne nyingi kabla ya hapo. Mfanyabiashara wa Kilwa na wa Aden hawakuwa na mfalme mmoja wala lugha moja ya nyumbani, lakini kila mmoja aliweza kuipima, kuikata, kuiyeyusha na kuipima tena, na jibu likawa lilelile.

Upande wa mapambo, kanuni inabadilika kidogo. Karati 24 ni tupu. Muhuri wa 916 ni karati 22, 875 ni 21 inayopendwa sana Ghuba na pwani yetu, 750 ni 18, na 375 ni karati 9, ambayo zaidi ya nusu yake si dhahabu. Kidani ulichonunua Dubai umelipia dhahabu na ufundi. Siku ya kuuza, sonara analipa dhahabu tu, anatoa vijiwe na anakata kidogo kwa ajili ya metali ya kuungia. Kwa hiyo kama nia ni akiba, chukua bangili nzito isiyo na nakshi. Kama ni mahari au harusi, nunua kinachopendeza na usilie ufundi baadaye.

Tumeruka kitu kimoja makusudi. Viroba hamsini vilikuwa na gramu 25. Sokoni tumefikisha gramu 10 za asilimia 86, yaani 8.6 za dhahabu tupu. Gramu 16 na zaidi ziko wapi? Ziko nyuma ya mwalo, kwenye rundo la mchanga linaloitwa marudio. Zebaki hushika tu dhahabu iliyo huru na safi, na mara nyingi inapata chini ya nusu. Kwenye makarasha mengi desturi ni kwamba marudio yanabaki kwa mwenye karasha, kama sehemu ya malipo ya kusaga. Mgeni anaona amesagiwa kwa bei rahisi. Mwenye karasha anasubiri rundo likue, kisha anauza kwa mwenye mtambo wa sayanaidi, kemikali inayoyeyusha dhahabu, ambaye anapata kile zebaki ilichoacha.

Kuliloweka rundo lenye zebaki kwenye sayanaidi ni jambo baya, kwa sababu sayanaidi inayeyusha zebaki pia na kuisambaza kwenye maji. Mkataba wa Minamata, ule wa kimataifa kuhusu zebaki, umelitaja miongoni mwa mambo ya kukomeshwa. Hiyo ni sababu moja zaidi ya kutumia zebaki kidogo, kwenye matope mazito tu na kamwe si kwenye jiwe lote linalosagwa. Marudio safi yanauzika kwa amani zaidi.

Kwa hiyo suala la marudio lizungumzwe kabla jiwe la kwanza halijaingia kwenye karasha: ni ya nani, na kama ni ya mwenye karasha, bei ya kusaga inapungua kiasi gani. Yakiwa yako, usikubali kuuza kwa tripu za lori zilizokadiriwa kwa macho, maana mchanga ulioloa unabeba maji mengi na dhahabu haiko sawa rundo zima. Iliyo nzito hukaa karibu na mdomo wa mwalo. Chukua bomba la plastiki la inchi mbili, lipigilie kutoka juu hadi chini sehemu kumi tofauti, kausha, changanya, gawa mara nne kama ulivyofanya mwanzo, na upeleke sampo tatu. Majibu yarudi kabla lori halijaanza kupakia.